Koti la Kahawia Mlangoni

Siku Maganga alipoacha kuwepo, mvua ilianza kabla ya chai. Ilikuwa mvua isiyo na msimu, kama zilivyokuwa mvua zote za miaka ile, na king'ora cha mafuriko kilikuwa kimelia mara moja tu, kwa sauti ya chini. Maana yake watu wa mabondeni wajiandae. Maganga hakuishi bondeni, ila mizinga yake ya nyuki ilikuwa huko, ng'ambo ya mto Wala. Aliisoma hali ya mizinga hiyo kwenye simu. Vihisio alivyovifunga ndani ya mizinga vilionyesha kuwa maji yamefika kwenye miguu ya vichanja.

Akainuka bila kumaliza uji.

"Unakwenda wapi?" akauliza mama yake, Bi Kalunde.

"Kuwahamisha."

"Nyuki ni wadudu, Maganga. Wadudu huzaliana. Nikikupoteza wewe nitakuzaa tena na nani, na baba yako nilishamzika?"

Maganga akatabasamu tu. Koti lake la kahawia, la kutokea, lilikuwa limetundikwa msumarini kando ya mlango. Akalipita. Akachukua koti la mvua, la njano, akaanza kulivaa.

Tabasamu lile ndilo lililomuudhi Bi Kalunde. "Nenda basi! Na ukizama huko, usiniletee maiti yako hapa mlangoni."

Nyanzala, mdogo wake Maganga, alikuwa anasuuza vikombe. Aliyasikia maneno hayo kama mtu anavyosikia maneno ya mama aliyeudhika, yaani hakuyasikia sana. Kaka yake alivuta kofia ya koti kichwani, bega la kulia likiwa juu kidogo kuliko la kushoto kama kawaida yake, akatoka. Hakuaga. Aliuacha mlango wazi, mvua ikalowesha mkeka, na Nyanzala akaenda kuufunga.

Kesho yake droni za uokoaji ziliiona pikipiki aliyoondoka nayo. Koti la njano lilikutwa limenasa kwenye matawi chini ya daraja. Mwenyewe hakupatikana.

Walipoacha kumtafuta, ukoo uliamua matanga yakaliwe bila maiti. Bi Kalunde aliketi mkekani, na kila aliyeingia kumpa pole alimwambia jambo moja tu: "Nilimwambia asiniletee. Hakuniletea." Wanawake walimsihi anyamaze, asijihukumu. Hakunyamaza. Hakula.

Ndipo watani walipokuja. Aliyewaongoza alikuwa Kondo Dihenga, Mzaramo, fundi wa karakana ya reli, ambaye babu zake walihamia Tabora na reli hiyohiyo. Familia hizi mbili zilikuwa zikizikana kwa utani tangu wakati wa mababu. Kondo alipita katikati ya waliaji bila kusalimia mtu, akalichukua koti la kahawia msumarini, akalivaa, akatoka nje. Halafu akaingia upya, bega moja juu.

"Mbona mnalia na chakula kinapoa?" akasema, kwa sauti ya Maganga hasa. "Nimesahau kofia yangu tu. Mama, nibakizie ukoko. Usiwape hawa Wazaramo, hawashibi."

Waliaji wakainua vichwa. Kisha Bi Kalunde akacheka. Alicheka mpaka akashika mbavu, machozi yakimtoka, na wanawake wakamrukia Kondo kumvuta koti, mpaka kifungo cha pili kikakatika kikabiringika chini ya kabati. Siku hiyo Bi Kalunde alikula.

Kwa desturi ya familia zile, mtani aliyevaa nguo ya marehemu huivua siku ya kuondoa matanga, mbele ya mfiwa, akataja jina lake mwenyewe, akapewa kuku wake, akaenda zake. Siku hiyo ilipofika, king'ora kililia kwa sauti ya juu. Watu walikimbilia mwinukoni na masufuria kichwani. Kondo alilitupia koti msumarini, akambeba Bi Kalunde mgongoni. Hakuna aliyekumbuka kuku.

*

Kazi ya Nyanzala ilikuwa kutengeneza filamu za mambo ya kweli bila kamera. Alitumia kilemba na Kioo. Kilemba kilikuwa kitambaa kilichofumwa kwa nyuzi zinazosoma ubongo. Mtu alifungwa kichwani, akaambiwa akumbuke, na alichokumbuka kikajitokeza kwenye Kioo, kikiwa na ukungu pale ambapo hakuwahi kupatazama vizuri. Filamu iliyompatia jina ilihusu moto wa soko. Wachuuzi waliukumbuka, na kila mmoja alikuwa na moto wake. Mama mmoja muuza vitenge aliuona wa kijani, kwa sababu wakati ukiwaka yeye alikuwa akitazama kitenge cha kijani tu, kile cha bei kubwa. Nyanzala alimwachia moto wake wa kijani. Alipohojiwa alisema kwamba kila anachokiona mtu ni kweli kwake. Ilikuwa rahisi kusema hivyo juu ya moto wa mtu mwingine.

Sasa alikuwa akitengeneza filamu aliyoiita Mlango, juu ya Maganga kama alivyoonwa na waliomjua. Jirani mmoja, mwenye haya, alikumbuka viatu vyake tu. Binti wa duka aliyemuuzia asali yake alikumbuka harufu, na harufu kwenye Kioo ilionekana kama ukungu wa njano uliojaa duka zima. Aliyebaki alikuwa mama.

Katika kazi hiyo kulikuwa na kanuni ambayo fundi yeyote alianza nayo: mwenye kumbukumbu asitazame Kioo ovyo. Kumbukumbu si picha iliyofungiwa sandukuni. Mtu anapokumbuka huifungua, na ikishafunguliwa hulainika kama udongo wa mfinyanzi uliotiwa maji; kwa muda mfupi yaweza kubonyezwa ikachukua umbo jingine, kisha ikakauka tena. Mwenyewe akitazama Kioo katika muda huo, anachokiona ndicho kinachokauka, tena kwa ugumu ambao akili peke yake haiuwezi. Mafundi waliliita jambo hilo kukausha. Kilichokaushwa hakisahauliki. Hakilainiki pia.

Nyanzala alijua, kwa kuwa alijikausha. Wiki ileile ya msiba, kwa kuogopa kuipoteza ile asubuhi, alijifunga kilemba akaitazama mpaka mwisho. Tangu hapo kila alipoona mkeka uliolowa, moyo ulimshtuka kwa kipimo kilekile cha siku ya kwanza. Watu walimwambia muda utamponya. Kwake muda ulikuwa haujaanza kutembea.

Kwa sababu hiyo asingependa kumkausha mtu yeyote. Lakini Bi Kalunde alikuwa ameanza kusahau. Kwanza funguo, halafu majina, halafu njia ya kurudi kutoka sokoni. Daktari alisema ugonjwa hautarudi nyuma. "Kilichokaushwa kitabaki," alisema. "Kingine chochote siwezi kukuahidi hata mpaka masika yajayo."

Bi Kalunde aliamua hapohapo, mbele ya daktari. "Nikaushie mwanangu, Nyanzala. Ile asubuhi yake ya mwisho. Mengine yaende. Hata bei ya vitunguu sitaki, inanipa presha bure."

Wakafanya kazi hiyo sebuleni, asubuhi kavu, madirisha wazi. Nyanzala alikigeuza Kioo kitazame upande wake.

"Kinabana hiki," Bi Kalunde alisema. "Bibi harusi hafungwi hivi."

"Vumilia kidogo, mama. Fikiria mlango. Asubuhi ile."

Kioo kikajaa mwanga wa mlangoni. Ndani ya mwanga akasimama mwanamume aliyevaa koti la kahawia, bega la kulia juu. Akageuka. Alisema amesahau kofia yake tu. Alisema, "Mama, nibakizie ukoko," akacheka, akatoka.

Nyanzala aliirudisha picha, akaisimamisha. Uso ulikuwa wa Maganga. Mama yake hakuwa amemsahau mwanawe. Ila mdomo ulipocheka ulionyesha mwanya, na Maganga hakuwa na mwanya. Mwenye mwanya alikuwa Kondo. Koti halikuwa na kifungo cha pili.

"Umemwona?" Bi Kalunde aliuliza. Uso wake ulikuwa umenyooka kama wa mtu aliyepata usingizi. "Umeona alivyorudi kufuata kofia? Angeweza kwenda tu, lakini alirudi kuniaga."

"Nimeona, mama. Kabla hajarudi, wewe ulimwambia nini?"

Bi Kalunde alifikiri. "Nilimwambia avae vizuri. Kulikuwa na baridi."

Nyanzala aliangalia Kioo. Alikumbuka kwamba mama yake aliacha kusema "hakuniletea" baada tu ya matanga, na kwamba wote walishukuru, wakadhani amepoa.

"Geuza basi, na mimi nimtazame."

"Bado, mama. Mashine imepata joto," Nyanzala alisema, akakizima.

*

Karakana ya reli ilikuwa na kelele za mashine zilizojiendesha zenyewe, na katikati yake Kondo alikuwa amekaa juu ya gurudumu la behewa anakunywa soda.

"Haa, mpagazi!" akapaza sauti alipomwona Nyanzala na mkoba. "Mnyamwezi na mzigo! Damu haipotei. Umetumwa pwani?"

"Nyamaza, Mzaramo. Kungekuwa na ngoma mahali leo usingekuwa kazini."

"Kweli. Ngoma ni kesho." Alisogea, akampa nafasi. "Umeniletea nini?"

"Nimekuletea wewe mwenyewe."

Alimwonyesha kwenye kioo kidogo cha mkononi. Kondo alitazama hadi mwisho, akaomba atazame tena. Alipitisha ulimi kwenye meno yake.

"Huo mwanya ni wangu."

"Ndiyo."

"Nimependeza lakini," alisema Kondo, na mwenyewe hakucheka. Nyanzala akamweleza yote: ugonjwa, kukausha, maneno ya asubuhi ile, koti la njano chini ya daraja.

"Nikimkaushia hii, atakwenda kaburini akijua mwanawe alirudi kumuaga. Nikimpa ile yangu, itakuwa ndiyo kitu pekee atakachobaki nacho. Atasahau chakula, atanisahau mimi, lakini kila siku atajisikia akimwambia mwanawe asilete maiti. Haitapoa, Kondo. Mimi naijua haipoi. Na nisipomkausha kabisa, Maganga anamtoka mwaka huuhuu."

"Sasa mimi unaniuliza nini? Mbona kama umekuja na jibu mkobani?"

"Nimekuja uniambie haidhuru."

Kondo aliiweka chupa chini. "Wiki iliyopita nilipita kumsalimia. Akanishika hapa begani. Akasema, mbona leo liko sawa? Nikadhani ananitania. Nikalipandisha, hivi. Akafurahi sana, akaniletea maji ya kunawa." Akalishusha bega. "Nilipofika nyumbani sikuweza kula. Utani una mwisho wake, Nyanzala. Nilivaa, sikuvua. Mpaka leo natembea mjini na kaka yako mgongoni. Nikifa mimi, mama yako atamlilia nani? Na yule aliyezama, huyo mwenyewe, amebaki na nani wa kumlilia?"

"Amebaki na mimi."

"Wewe peke yako?"

"Mama akiyakumbuka maneno yake yatamuua."

"Labda. Lakini ni maneno yake. Wewe umeyaficha kama vile ni ya kwako." Alisimama, akajipangusa vumbi. "Mimi sijui mambo ya mashine. Najua kuna koti natakiwa kulivua. La kukausha na kuanika ni lako."

Nyanzala alirudi kwa miguu. Njiani alijaribu kumfikiria yule mama wa vitenge, kama alidhurika. Hakuweza kujua. Hakuwahi kurudi kumuuliza.

*

Kondo alikuja asubuhi ya Alhamisi. Nyanzala alimpa koti nje, kwa mlango wa jikoni, akalivaa akazunguka mbele.

Bi Kalunde alikuwa mkekani anachambua mchele. Alimwona kwenye mwanga, akaangusha ungo. "Maganga!"

Kondo hakupandisha bega. Alisimama wima, akafungua vifungo kimoja kimoja, vile vilivyobaki, akalivua koti, akalishika kwa mikono miwili.

"Mama Maganga," alisema, "mimi ni Kondo, mwana wa Dihenga, Mzaramo. Nililivaa koti hili kwenye msiba wa mwanao. Siku ya kulivua tulikimbia maji. Leo nalivua. Naomba kuku wangu."

Bi Kalunde alimtazama kwa muda. Akapokea koti, akalinusa. Vidole vyake vilishuka kwenye vifungo, vikafika pale pasipo na kitu, vikasimama.

"Kilikatika siku ile walipokuvuta," alisema taratibu.

"Ndiyo, mama."

"Kikaingia chini ya kabati."

"Bado kiko huko, nadhani. Nyie hamfagii."

Bi Kalunde hakucheka. "Basi aliyeomba ukoko ni wewe."

"Ni mimi."

Alimgeukia Nyanzala. "Yeye alipotoka, alisema nini?"

Nyanzala alikuwa ameyapanga maneno mengine. Yalipofika mdomoni aliyaacha. "Hakusema kitu, mama."

"Mimi je?"

Kondo alikuwa anatazama mkeka. Nyanzala alimwambia mama yake maneno yale jinsi yalivyokuwa, bila kuongeza wala kupunguza.

Bi Kalunde alilikunja koti mapajani. Lilipokwisha kukunjwa alilikunjua, akaanza upya.

"Kwa sauti kubwa?"

"Kwa sauti ya kuudhika. Kama ya mama yeyote."

"Usinipambe. Naye akafanya nini?"

"Alikuwa ametabasamu. Ulipomuuliza utamzaa tena na nani, akatabasamu. Tabasamu hilo ndilo lililokuudhi."

"Alitabasamu?"

"Alitabasamu, mama."

Nje gari la taka lilipita likijiimbia wimbo wake. Nyanzala aliketi mkekani.

"Mama, nisikilize. Naweza kukukaushia ile ya ukoko. Haya tunayosema, pengine kesho hutakuwa nayo. Hutaumia."

"Na wewe utakuwa nayo."

"Ndiyo."

"Peke yako."

"Nimeshazoea."

"Mwongo," alisema Bi Kalunde. "Nakuona unavyoukwepa huu mkeka ukilowa, hata maji ya chai yakimwagika. Nilikuwa sijui kwa nini." Alimtupia Kondo macho, kisha akayarudisha kwa binti yake. "Neno niliseme mimi, alibebe mtoto? Lete hicho kilemba."

"Haipoi, mama. Elewa kwanza. Haipoi kamwe."

"Nimezaa bila daktari, nimezika mume. Lete kabla sijasahau tulikuwa tunazungumza nini."

Walivaa vilemba viwili, Bi Kalunde akaufikiria tena mlango, na safari hii Kioo kilitazamana nao wote. Kumbukumbu ya Nyanzala ilitoka ngumu na safi, haikuwa na ukungu hata mahali pamoja. Ndani yake Maganga aliinuka kwenye uji. Aliulizwa, akatabasamu, akalipita koti la kahawia, akavaa la njano. Sauti ya Bi Kalunde ikasema ilichosema. Bi Kalunde mwenyewe hakufumba macho. Aliushika mkono wa binti yake kwa nguvu, kucha zikaingia nyamani. Mlango ukabaki wazi, mvua ikaingia.

Alipopata pumzi alisema, "Sasa mtani. Alivyovua."

Wakaikausha na hiyo, Kondo akiwa amesimama pembeni, anajitazama akivua koti, mara hii akiwa na uso wake mwenyewe.

*

Filamu ya Mlango ilikamilika. Nyanzala aliiweka pia ile picha ya mwanya, na chini yake akaandika kwamba huyo ni Kondo Dihenga kama alivyokumbukwa na Bi Kalunde. Watazamaji wengine walisema hiyo ndiyo sehemu nzuri kuliko zote. Wengine walimlaumu kwa kumtesa mgonjwa.

Sasa Bi Kalunde hajui mtaa anaoishi, na mara nyingi humwita Nyanzala kwa jina la dada yake aliyekufa zamani. Bei ya vitunguu imekwenda. Mvua ikinyesha asubuhi hulia, kilio kilekile kila mara, na Nyanzala huzima jiko akaja kukaa naye. Hulia wote wawili. Mvua ikikata hunywa chai.

Siku za Alhamisi hupikwa wali. Bi Kalunde huubandua ukoko mwenyewe, akauweka kwenye sahani na kuufunika kwa kawa, na Kondo akitoka karakana huja kuula. Koti la kahawia liko msumarini. Kondo hupita pembeni yake, na Bi Kalunde huinua kichwa akamwambia, "Karibu, Kondo."